Mipaka ya Wakoloni: Tuifute au Tuilinde?

Kila inapokaribia Siku ya Afrika, 25 Mei, swali moja hurudi kwenye vibaraza na madarasani: ikiwa mipaka ya nchi zetu iliwekwa na wageni, kwa nini sisi wenyewe tunaifia? Katika mjadala huu nimewaketisha watu watatu. Mwalimu ni mzee mstaafu aliyefundisha historia. Yeye anatetea mipaka ibaki ilivyo. Binti anafundisha jiografia katika shule ya sekondari. Anataka mipaka ijadiliwe upya. Mama ni mfanyabiashara wa mchele wa Tunduma, mpakani mwa Tanzania na Zambia. Wasemaji ni wa kubuni. Matukio wanayoyataja si ya kubuni.

BINTI: Shikamoo zangu nimeshazitoa, Mwalimu, sasa niruhusu niseme bila kupunguza makali. Nawafundisha watoto ramani ya Afrika na wananiuliza maswali nisiyoweza kuyajibu kwa akili ya kawaida. Gambia imelala kandokando ya mto, upana wake kama kilomita 50 panapozidi, na pande zote imezungukwa na Senegal isipokuwa baharini. Namibia ina ulimi mrefu wa Caprivi, wenye urefu wa kilomita 450 hivi, ambao Wajerumani waliupata mwaka 1890 ili waufikie mto Zambezi. Walitumaini kwamba mto huo ungewapeleka hadi Bahari ya Hindi, na maporomoko ya Victoria yako palepale njiani! Kati ya Misri na Sudan kuna Bir Tawil, kipande cha jangwa cha kilomita za mraba zipatazo 2,000 ambacho hakuna nchi kati ya hizo mbili inayokitaka, kwa sababu Waingereza waliweka mstari mmoja mwaka 1899 na mwingine mwaka 1902, na kila nchi inashikilia ule unaoipa faida kwingineko. Nchi 16 za bara hili hazina bahari. Waewe wako Ghana na Togo, Wasomali wamegawanywa sehemu tano, ufalme wa Kongo ulikatwa na Wareno, Wafaransa na Wabelgiji. Unaniambia tuyalinde haya?

MWALIMU: Marahaba kwa mara ya pili, mwanangu. Nitayajibu, lakini kwanza tukubaliane nani alifanya nini. Wengi hufundishwa kwamba Afrika iligawanywa mezani Berlin. Mkutano wa Berlin ulianza Novemba 1884 ukaisha Februari 1885, na kweli hakukuwa na Mwafrika hata mmoja aliyealikwa. Lakini kilichopitishwa pale ni kanuni: biashara huru katika bonde la Kongo, usafiri katika mto Niger, na masharti ya kutwaa pwani. Mistari yenyewe ilikuja baadaye, mkataba kwa mkataba, mara nyingi kati ya mataifa mawili. Mpaka wetu na Kenya, kwa mfano, ni wa mkataba wa Waingereza na Wajerumani wa mwaka 1886.

BINTI: Ule ambao Malkia Victoria alimpa mjukuu wake Kilimanjaro iwe zawadi ya siku ya kuzaliwa?

MWALIMU: Hadithi tamu, na si kweli. Mkataba ni wa 1886. Mjukuu huyo, Wilhelm, alikuja kuwa Kaisari mwaka 1888. Mstari ulipinda kuuzunguka mlima kwa sababu mawakala wa Wajerumani walikuwa wameshakusanya mikataba na machifu upande ule, na Waingereza wao walitaka Mombasa. Ilikuwa biashara ya kubadilishana. Sikukosoi kwa ajili ya kukukosoa. Tukibaki na Berlin na zawadi za malkia, tunaruka tarehe iliyo kubwa kuliko zote: Julai 1964, Cairo. Umoja wa Nchi Huru za Afrika, OAU, ulikuwa na umri wa mwaka mmoja. Viongozi wa Afrika wakapitisha azimio kwamba nchi wanachama zitaheshimu mipaka iliyokuwepo zilipopata uhuru. Aliyeongoza hoja hiyo alikuwa Julius Nyerere. Tangu siku ile mipaka si ya wakoloni tena. Ni yetu, kwa saini zetu.

BINTI: Kwa saini zenu, si za wananchi. Somalia na Morocco zilikataa. Na Waewe? Mwaka 1956 Umoja wa Mataifa ulisimamia kura katika Togo iliyokuwa chini ya Waingereza: wajiunge na Gold Coast au wabaki peke yao? Wilaya za kusini, kwenye Waewe wengi, zilikataa kujiunga. Kura zikajumlishwa pamoja na za kaskazini, na wote wakaingizwa Ghana. Huko angalau watu waliulizwa. Kwingine hakuna aliyeuliza chochote.

MWALIMU: Ni kweli. Lakini jiweke katika viti vyao. Oktoba 1963, miezi mitano tu baada ya OAU kuundwa, Algeria na Morocco zilikuwa zimeshapigana jangwani kwa ajili ya mpaka. Mapema mwaka 1964 Ethiopia na Somalia zikapigana. Kaskazini mwa Kenya vita vya shifta vilikuwa vinawaka. Bendera ya Somalia ilikuwa na nyota ya pembe tano, na pembe tatu kati ya hizo zilikuwa ardhi za watu wengine: Djibouti, Ogaden na kaskazini mwa Kenya. Kama kila mwenye ndugu ng'ambo ya mpaka angedai amrudishe kwa bunduki, nani angebaki na nchi? Walichagua ubaya waliouzoea.

BINTI: Na nani aliyelipa gharama ya uchaguzi huo? Eritrea ilipigana miaka 30, tangu 1961 hadi 1991. Kusini mwa Sudan kulikuwa na vita kuanzia 1955 hadi 1972, kisha tena kuanzia 1983 hadi 2005. Katika awamu ya pili peke yake inakadiriwa watu milioni mbili walikufa, wengi kwa njaa na maradhi. OAU ilisema nini? Mambo ya ndani ya nchi mwanachama. Na huyo Mwalimu Nyerere unayemtaja, Aprili 1968 aliitambua Biafra iliyojitenga na Nigeria, miaka minne tu baada ya Cairo. Aliiongoza hoja, kisha akaivunja.

MWALIMU: Nilikuwa nakusubiri hapo. Tanzania iliitambua Biafra, zikafuata Gabon, Ivory Coast na Zambia. Lakini soma alichokuwa anakijibu. Mwaka 1966 Waigbo waliuawa kwa maelfu kaskazini mwa Nigeria, na wengine wengi mno wakakimbilia kwao mashariki. Nyerere alishikilia kwamba umoja wa nchi unasimama juu ya ridhaa ya watu, na kwamba dola inayoshindwa kuwalinda raia wake haina cha kuwadai. Azimio la Cairo lilimkataza jirani asile ardhi ya jirani. Halikumpa mtawala hati ya kuwafanyia watu wake atakavyo. Nakiri kwamba OAU ililisoma hivyo kwa miaka mingi, na damu ikamwagika chini ya kivuli cha usomaji huo.

BINTI: Basi umeshakubaliana nami.

MWALIMU: Bado. Hebu niambie, Biafra ilidai mipaka ipi?

BINTI: Ya Jimbo la Mashariki la Nigeria.

MWALIMU: Jimbo lililowekwa na Waingereza, lenye Waigbo pamoja na Waibibio, Waefik na Waijaw, ambao wengi wao hawakuulizwa kama wanaitaka Biafra. Katanga iliyojitenga Julai 1960 ilikuwa nini? Mkoa wa Wabelgiji. Eritrea iliyopata uhuru mwaka 1993 inasimama juu ya mstari wa Waitalia. Sudan Kusini ya mwaka 2011 imepimwa kwa mpaka wa mikoa wa tarehe 1 Januari 1956, siku Waingereza walipoondoka. Somaliland inadai mipaka ya koloni la Mwingereza, lililokuwa nchi huru kwa siku tano tu, tangu 26 Juni 1960 hadi lilipoungana na kusini tarehe 1 Julai. Sahara Magharibi inadai mstari wa Mhispania. Kila anayetaka kuondoka anabeba ramani ya mkoloni mkononi. Hakuna harakati yenye uzito iliyotuletea ramani ya kabla ya mkoloni ikasema: hii hapa.

BINTI: Mwalimu, hiyo si hoja ya kuwashinda, ni hoja ya kuwaonea huruma! Wanabeba ramani hiyo kwa sababu ndiyo pekee inayopokelewa. Mahakama ya Kimataifa ya Haki kule The Hague haiulizi mababu walichunga wapi, inauliza mkataba. Rasi ya Bakassi ilipewa Cameroon Oktoba 2002 kwa nguvu ya mkataba wa Waingereza na Wajerumani wa mwaka 1913. Wavuvi waliokuwa wakiishi pale wengi walijihesabu Wanigeria. Hakuna aliyewaitishia kura. Nigeria ikakamilisha kukabidhi eneo Agosti 2008, na wengi wakafungasha virago. Mlango ukiwa mmoja, usishangae watu wote kupitia hapohapo.

MWALIMU: Lakini nchi mbili zilizokuwa zimeshamwaga damu Bakassi ziliacha bunduki zikasikiliza karatasi. Mali na Burkina Faso zilipigana Desemba 1985. Desemba 1986 mahakama iligawa eneo lililogombaniwa karibu nusu kwa nusu, na zote mbili zikakubali. Libya iliondoka ukanda wa Aouzou mwaka 1994 baada ya kushindwa na Chad mahakamani. Karatasi ya mkoloni ni mbaya, lakini inasomeka kwa namna moja na mwenye nguvu na asiye na nguvu. Ukiitupa, wewe utaweka nini mahali pake?

BINTI: Maumbile na watu. Mito, milima, lugha.

MWALIMU: Mito! Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin yaliingia Kagera, na serikali yake ikatangaza kwamba ardhi yote hadi mtoni ni ya Uganda. Sababu? Mpaka wa magharibi mwa Ziwa Victoria unafuata latitudo 1 kusini, mstari wa kalamu uliotokana na mkataba wa mwaka 1890, ilhali mto Kagera ndio mpaka unaoonekana kwa macho. Ni hoja yako hiyo, mwanangu, ikiwa imevaa magwanda. Tuliijibu kwa vita vilivyoiangusha Kampala Aprili 1979. Tena mto hautenganishi watu. Ruvuma ni mpaka mzuri sana kwenye ramani, na Wamakonde wako kingo zote mbili.

BINTI: Sawa, mito naiacha. Lakini watu?

MWALIMU: Somalia ni watu wa lugha moja na dini moja kwa sehemu kubwa, na dola yao ilisambaratika mwaka 1991. Rwanda na Burundi ni falme za kale zilizobaki karibu na maumbo yake, kila moja na lugha yake. Rwanda ikashuhudia mauaji ya kimbari ya mwaka 1994. Tanzania ina makabila zaidi ya 120 yaliyokusanywa na mstari wa Mjerumani, na imesimama. Ungekuwa mstari ndio unaoua, nchi hizo zingebadilishana historia.

BINTI: Umeitaja Tanzania, sasa usinikwepe. Ziwa Nyasa. Mkataba wa 1 Julai 1890 unapitisha mpaka ufukweni, yaani maji yote upande wetu ni ya Waingereza, leo Malawi. Malawi ilipata uhuru tarehe 6 Julai 1964. Azimio la Cairo likapitishwa mwezi huohuo. Kwa kipimo chako mwenyewe, Mwalimu, mtoto wa Mbamba Bay akiogelea ameshaingia nchi ya watu.

MWALIMU: (anacheka kidogo) Umenipata pazuri. Tanzania inasema sheria ya kimataifa hupendelea katikati ya ziwa, na kwamba baadhi ya ramani za wakati wa Waingereza zilionyesha mpaka katikati. Malawi inasema: mkataba wa 1890 na Cairo yenu. Tanzania iliiandikia Malawi mwaka 1967, na mwaka uliofuata Rais Banda akajibu kwa kudai hadi maeneo ya nchi kavu kusini mwa Tanzania. Baadaye marais wastaafu wa kusini mwa Afrika wakiongozwa na Joaquim Chissano walipewa kazi ya kusuluhisha. Sitajifanya kwamba kanuni hii hainiumi. Kanuni isiyomuuma anayeitetea haijapimwa. Lakini tazama: zaidi ya miaka 50 ya ubishi, na wavuvi wa Kyela na wa Karonga wanatupa nyavu zao ziwa hilohilo bila vita. Hicho ndicho ninachokinunua kwa Cairo.

MAMA: Wanangu, na wewe Mwalimu samahani, nimewasikiliza vya kutosha. Ninyi mnabishana mstari upite wapi. Mimi ninalala kando yake. Tunduma na Nakonde ni mji mmoja wenye serikali mbili. Wanyamwanga wako huku na kule, wanaoana, wanazikana. Aliyewatenganisha ni Mzungu, sawa, lakini anayenisimamisha leo na gunia langu la mchele si Mzungu. Ni kijana wetu mwenye sare, anayetaka karatasi ambayo jana haikuwepo.

BINTI: Ndiyo maana tunasema mpaka wenyewe ni tatizo, Mama.

MAMA: Si mpaka, ni mlango kufungwa. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika, Tanzania ilifunga mpaka wake na Kenya, ukabaki umefungwa hadi mwaka 1983. Namanga, Horohoro, Sirari, kote. Je, Berlin ndiyo iliyofunga? Viongozi waliofunga walikuwa Waafrika, tena wanaoongea Kiswahili kwenye simu. Lakini tazama na upande mwingine. Zambia haina bahari, na mwaka 1965 wazungu wa Rhodesia walipojitangazia uhuru, njia yake ya kusini ikawa mtihani. Hatukuisogeza Zambia ikafika baharini. Tuliijenga TAZARA kwa msaada wa Wachina, kilomita 1,860 toka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi. Mpaka uko palepale, ila shaba ilipita. Senegal na Gambia waliunda shirikisho mwaka 1982, likafa mwaka 1989. Mwaka 2019 likafunguliwa daraja la kuvuka mto Gambia, na malori yakaacha kusubiri kivuko. Daraja limefanya ambalo shirikisho halikufanya.

MWALIMU: Mama ametuzidi.

MAMA: Sijamaliza. Januari 2018 wakubwa walikutana Addis Ababa wakapitisha itifaki ya watu kutembea huru Afrika nzima. Ilitakiwa nchi 15 ziiridhie ndipo ianze kazi. Miaka ikapita, walioridhia wakawa wa kuhesabika kwa vidole vya mkono mmoja. Kwenye hotuba mpaka ni dhambi ya mkoloni. Kwenye forodha ni mali ya serikali. Anayeulinda mstari wa mkoloni kwa ukali kuliko wote ni sisi.

BINTI: Mama, nakuheshimu, na kwa mchele na malori uko sahihi. Lakini kufungua forodha hakumponyi mtu anayepigwa mabomu na serikali yake. Watu wa kusini mwa Sudan hawakuwa na shida ya ushuru. Januari 2011 walipopewa kura, karibu asilimia 99 walisema tunaondoka. Ungewaambia wangoje daraja?

MWALIMU: Nisingewaambia wangoje. Ila nakukumbusha kwamba uhuru wao ulipatikana Julai 2011, na Desemba 2013 waliingia vitani wao kwa wao. Mpaka mpya, bendera mpya, bunduki zilezile. Eritrea na Ethiopia nazo, baada ya kuachana kwa kura mwaka 1993, zilipigana kuanzia 1998 hadi 2000 kwa ajili ya mji mdogo wa Badme, na makumi ya maelfu wakafa.

BINTI: Na mimi nakukumbusha kwamba umoja wa lazima nao haukuwapa amani. Kuondoka si dawa, nakubali. Lakini kumnyima mtu haki ya kuondoka ni kumwambia mtawala kwamba hana haja ya kumbembeleza abaki. Tishio la kura lingewafanya wengi watawale kwa adabu.

Hapo nawasimamisha, nitoe kura yangu.

Juu ya kuchora upya ramani, Mwalimu ameshinda. Binti alipoulizwa aweke nini mahali pa karatasi, kila alichokitaja kilikuwa kimeshatumika na mvamizi, au kimeshindwa kulinda watu mahali fulani. Mstari mbaya unaojulikana ni kinga ya nchi dhaifu mbele ya jirani mwenye jeshi, na hoja ya Waafrika wenyewe kuukubali mwaka 1964 ina uzito kuliko hadithi za rula na malkia. Walimu wa shule wangefanya vema kuanzia Cairo, si kuishia Berlin, maana mtoto anayefundishwa kwamba kila kosa lilifanywa mwaka 1884 hatajifunza kumhoji anayetawala leo.

Mama naye amethibitisha kwamba sehemu kubwa ya maumivu ya mpaka hutengenezwa kila asubuhi na serikali zetu, na inaweza kuondolewa bila kusogeza nguzo hata moja.

Lakini katika swali zito kuliko yote, kura yangu iko kwa Binti. Mpaka uliwekwa kumzuia jirani. Haukuwekwa ili uwe ukuta wa kuficha mauaji. Na katika hili hatuhitaji kubuni kanuni mpya, kwa kuwa tayari tunayo. Mkataba ulioanzisha Umoja wa Afrika, uliopitishwa Lomé Julai 2000, una ibara ya 4. Kifungu (b) cha ibara hiyo kinasema mipaka iliyokuwepo wakati wa uhuru iheshimiwe. Kifungu (h) cha ibara hiyohiyo kinaupa Umoja haki ya kuingilia kati ndani ya nchi mwanachama panapotokea uhalifu wa kivita, mauaji ya kimbari au uhalifu dhidi ya ubinadamu. Waliouandika walijua kwamba kimoja bila kingine ni hatari.

Tangu hapo kifungu cha kwanza kinatajwa kila mkutano, na cha pili kinaogopwa. Basi, msomaji, siku utakapomsikia kiongozi yeyote wa bara hili akiapa kwamba mipaka ya nchi yake haiguswi, mkubalie. Kisha muulize wanaishije watu waliomo ndani yake, na usikubali akujibu kwamba hayo ni mambo ya ndani.